Maporomoko ya Sheldrick: Safari ya Siku Moja katika Vilima vya Shimba

Watu wengi wakaao pwani ya kusini ya Kenya, tangu Likoni mpaka Lunga Lunga, huviona vilima vya Shimba kila siku ya maisha yao. Mvuvi wa Msambweni arudipo na ngalawa yake huviona kwa mbali, rangi yake samawati. Mkulima wa Muhaka hutazama mawingu yaliyovikalia apate kujua kama mvua i karibu. Karani wa Kwale hufungua dirisha la ofisi asubuhi akapokea baridi yake. Hata hivyo, ukiwauliza ni wangapi waliokwisha kuingia ndani ya msitu ule na kusimama chini ya maporomoko yake ya maji, hutapata wengi. Wageni watokao Ujerumani na Uingereza, ambao hukaa Diani majuma mawili tu, huenda huko kwa makundi. Mwenyeji huweza kukaa miaka hamsini asiende.

Habari hizi zaeleza jinsi safari hiyo ilivyo, na kwa nini yamfaa mkulima na mtu wa kazi ya ofisi, wala si mgeni peke yake.

MAHALI PENYEWE

Vilima vya Shimba vi karibu na mji wa Kwale, mwendo wa kilomita thelathini na kitu kutoka Mombasa. Si milima mirefu, kwani kilele chake hakifikii mita 500 juu ya bahari. Lakini kwa kuwa vyasimama karibu na pwani, upepo wenye unyevu utokao baharini hauna budi kupanda. Upandapo hupoa, na upoapo huacha ukungu na mvua. Ndiyo sababu mtu atokaye Ukunda akitoka jasho, akifika Kwale huona afadhali kuvaa koti lake, hasa alfajiri.

Msitu huo uliwekwa chini ya ulinzi wa Serikali tangu mwaka 1903. Mwaka 1968 sehemu yake kubwa ilitangazwa kuwa hifadhi ya wanyama, nayo yapita kilomita za mraba 190. Leo walinzi wa wanyama ni Shirika la Wanyamapori la Kenya, lijulikanalo kwa herufi tatu, KWS.

Ndani yake mna ndovu, nyati, mbega weusi wenye mabega meupe, na ndege wa kila namna. (Msomaji wa bara asishangae kuona neno ndovu, hapa pwani tembo ni kinywaji kitokacho mnazini.) Lakini mnyama aliyeipa Shimba sifa yake ni palahala. Dume lake ni jeusi tititi, tumbo jeupe, na pembe zake ndefu zimepinda kuelekea nyuma kama majambia mawili. Katika nchi nzima ya Kenya hakuna mahali pengine awezapo kuonekana palahala akiwa huru porini ila hapa. Atakaye kumwona mahali pengine hana budi kuvuka mpaka kwenda Tanzania au mbali zaidi kusini.

Na katika msitu huo huo mna maporomoko ya maji yaitwayo Maporomoko ya Sheldrick. Yalipewa jina la David Sheldrick, aliyekuwa msimamizi wa kwanza wa upande wa mashariki wa mbuga ya Tsavo, akafariki mwaka 1977. Jina ni la juzi. Maji yenyewe yalikuwa yakianguka tangu zamani sana.

KWENDA KWA KUNDI

Mtu aweza kufika Kwale kwa gari la abiria bila taabu. Atokaye Msambweni au Diani hushika barabara kuu ya Likoni mpaka Kombani, na hapo hugeuka kushoto kupanda Kwale. Kutoka Ukunda ni mwendo wa saa moja hivi. Kutoka Msambweni ni zaidi kidogo. Lakini lango la hifadhi liko mbele ya mji, na ndani ya lango hapana gari la abiria. Haruhusiwi mtu kutembea kwa miguu peke yake kati ya ndovu na nyati. Kwa hiyo hapana budi kuwa na gari.

Hapo ndipo faida ya kundi huonekana. Mtu mmoja akikodi gari peke yake, gharama humvunja moyo kabla hajaanza safari. Watu saba au wanane wakichanga, fungu la kila mmoja huwa dogo. Chama cha akina mama, walimu wa shule moja, wanachama wa chama cha ushirika, au ndugu wa nyumba mbili waweza kufanya hivyo bila deni. Yafaa kundi liwe dogo, kwa sababu tatu. Kwanza, njia ya msituni ni nyembamba, watu hufuatana mmoja nyuma ya mwenzake. Wakiwa thelathini, wa mwisho hasikii lolote asemalo kiongozi. Pili, watu wengi ni kelele nyingi, na kelele hufukuza wanyama. Tatu, askari mmoja hawezi kuwalinda watu asioweza kuwaona wote kwa mara moja.

Kiingilio cha mwananchi wa Kenya ni kidogo kuliko cha mgeni. Malipo hufanywa kwa simu kupitia mtambo wa Serikali wa eCitizen, wala si kwa fedha taslimu mkononi mwa mlinzi. Yafaa mkubwa wa kundi aulize bei na saa za matembezi kabla ya siku yenyewe, na kila mtu achukue kitambulisho chake.

Miezi mizuri ni ya kiangazi, yaani Januari mpaka Machi wakati wa kaskazi, na tena baada ya masika kwisha. Katika masika yenyewe barabara za ndani, ambazo ni za udongo, huteleza, na gari dogo huweza kukwama. Lakini aendaye mara tu baada ya mvua huyaona maji kwa nguvu zake zote.

AMRI ZA KIONGOZI

Gari hupita msitu mnene wa Makadara, kisha nyasi zilizo wazi, kisha msitu tena, mpaka mahali paitwapo Kilima cha Ndovu. Hapo magari huachwa, na askari wa wanyamapori huchukua kundi. Yeye huwa na bunduki begani, lakini silaha yake ya kwanza ni masikio yake.

Kabla ya kuondoka huwapa watu amri chache. Wafuatane, asiwepo wa kubaki nyuma wala wa kutangulia. Wasiseme kwa sauti kubwa. Asichume mtu ua, wala asiokote pembe au mfupa. Akinyosha mkono, wote wasimame. Ndovu akionekana karibu, asikimbie mtu. Wangoje neno la kiongozi, naye atawazungusha upande ambao upepo hautachukua harufu yao.

Wako wanaocheka amri hizo wakidhani ni adabu za kizungu zilizoletwa kwa ajili ya watalii. Si kweli. Wadigo walikuwa na sheria kali za msituni kabla ya hifadhi yoyote kuandikwa katika karatasi. Atakaye ushahidi aende Kaya Kinondo, karibu na ufuko wa Diani. Huko wageni huongozwa na wenyeji wenyewe, hufungwa kaniki kiunoni, na hukatazwa kuchukua hata jani moja. Msitu ule mdogo umedumu kwa sababu wazee waliuheshimu, na mwaka 2008 shirika la UNESCO liliuandika pamoja na kaya nyingine za Wamijikenda katika orodha ya urithi wa ulimwengu. Basi mwana wa Kwale aambiwapo asivunje tawi, haambiwi jambo geni. Akumbushwa maneno ya babu yake.

KUSHUKA NA KUPANDA

Kutoka Kilima cha Ndovu mpaka chini ni mwendo wa kilomita mbili. Mwanzo wa njia ni nyasi na vichaka, na mtu huona mabonde mbele yake, moja nyuma ya jingine. Kisha njia huinama na kuingia mitini. Mwanga hupungua, na hewa hupoa kama ya ndani ya nyumba ya mawe. Kiongozi mwema huonyesha mengi ambayo mtu peke yake angeyapita: kinyesi cha ndovu ambacho kikiwa na joto humjulisha kuwa mwenyewe hayuko mbali, mti ulioambuliwa gome na pembe, alama ya tope juu ya shina, mrefu kuliko mtu, ambapo mnyama alijisugua ubavu. Huonyesha pia miti ambayo nje ya hifadhi imekuwa adimu kwa sababu ya shoka: mvule, mbambakofi ufaao kwa milango, na msandarusi ambao zamani utomvu wake ulikuwa mali katika biashara ya pwani.

Sauti ya maji husikika kabla ya maji yenyewe kuonekana. Mwisho wa mteremko, ambapo hapana budi kushika mizizi na mawe, bonde hufunguka. Hapo maji yaanguka kutoka juu ya mwamba, zaidi ya mita 20. Hayana upana mkubwa. Hushuka kama nguo nyeupe iliyoanikwa, yakapiga mawe, yakatawanya manyunyu mpaka majani yote ya kando hutikisika pasipo upepo. Chini yake pana ziwa dogo lenye maji baridi. Wengi huvua viatu wakaingia, na wale waliosema njiani kwamba wamechoka huwa wa mwisho kutoka.

Asitarajie mtu kuona jambo kama Maporomoko ya Victoria, ambayo huangusha mto mzima wa Zambezi. Haya ni maji ya kijito cha msituni. Uzuri wake ni kwamba yamefichwa, na kwamba hayafikiwi ila kwa miguu.

Kupanda ndiko kazi. Njia ile ile iliyokuwa nyepesi wakati wa kushuka humdai mtu pumzi zake zote. Mwenye ugonjwa wa moyo, mama mjamzito wa miezi mingi, na mzee wa magoti mabovu wafadhali kubaki juu kwenye kivuli na kutazama mabonde. Wengine wachukue viatu vilivyofungwa vizuri, si ndara. Maji ya kunywa ya kutosha. Na chakula kidogo cha kula baada ya kupanda. Karatasi na chupa tupu zirudi na wenyewe.

Alasiri, gari huweza kuzunguka sehemu za nyasi kutafuta palahala. Huonekana zaidi asubuhi na jioni jua likiwa si kali, nao huwa kundi la majike ya rangi ya kahawia pamoja na dume moja jeusi likisimama kando. Kutoka mahali palipoinuka mtu huona Bahari ya Hindi yote imelala mbele yake. Ndipo afahamu jinsi mashamba, minazi, hoteli na bahari vilivyo karibu na msitu huu, na jinsi msitu wenyewe ulivyo mdogo.

MAJI YA NANI?

Msafiri akisha kutazama maji yale, yafaa ajiulize yatoka wapi na yaenda wapi. Vilima vya Shimba ni vya mawe ya mchanga. Mvua inyeshapo, majani na mizizi huzuia maji yasikimbie. Huzama polepole katika mchanga, na hutoka tena chini kama chemchemi, hata miezi ambayo hakuna mvua. Msitu ukikatwa, maji yale yale hukimbia kwa siku moja yakichukua udongo, na kesho yake mto ni mchanga mtupu. Mkulima yeyote aliyewahi kuona shamba la mteremko lisilo na matuta alijua jambo hili.

Chemchemi za Marere, zilizo katika vilima hivi, hupeleka maji kwa mabomba mpaka Kwale na mpaka Mombasa. Mto Mkurumuji hushuka kutoka huku ukaingia bahari kwenye ghuba ya Gazi, penye mikoko ambayo samaki na kaa huzaliwa ndani yake. Maji ya mto huo yalizuiwa kwa bwawa, yakatumiwa na mgodi wa madini ya titani mpaka uchimbaji ulipokoma mwishoni mwa mwaka 2024. Basi mtu wa Gazi auzaye samaki na mtu wa Mombasa afunguaye bomba lake wote ni watu wa Shimba, ingawa hawajapanda kilima.

MASHTAKA YA MKULIMA

Lakini haitakuwa haki kusifu msitu na kunyamaza habari za wale walio mpakani mwake. Mtalii humtazama ndovu akiwa ndani ya gari, akapiga picha, akaenda zake. Mkulima humkuta usiku katika mahindi yake. Kundi moja la ndovu laweza kumaliza kwa usiku mmoja chakula cha nyumba cha mwaka mzima, likavunja migomba na minazi michanga iliyongojewa miaka mingi. Wako waliouawa wakilinda mashamba yao, na wako watoto waliochelewa shule kwa kuwa njia ilikuwa na ndovu. Mtu aliyepatwa na hayo akiambiwa kwamba ndovu ni mali ya taifa, hujibu kwa haki kwamba taifa halikulala njaa pamoja naye.

Serikali imejaribu njia kadhaa. Ua wa waya wa umeme uliwekwa mpakani. Mwaka 2005 ndovu 150 walikamatwa katika Shimba na Mwaluganje, wakapakiwa malorini, wakahamishiwa Tsavo Mashariki, mwendo wa kilomita 160. Kazi hiyo kubwa ilipunguza msongamano, lakini haikumaliza shida. Baadhi ya waliochukuliwa walirudi kwao, maana ndovu hasahau njia.

Kisha ikaja Sheria ya Wanyamapori ya mwaka 2013. Sheria hiyo iliweka fidia ya shilingi 5,000,000 kwa jamaa za mtu aliyeuawa na mnyama wa mwitu, shilingi 3,000,000 kwa aliyepata kilema cha kudumu, na kiasi kisichozidi shilingi 2,000,000 kwa jeraha jingine. Na mazao yaliyoharibiwa yalipwe kwa bei ya soko. Maneno ni mazuri, lakini malipo yamechelewa sana, na wengi wamengoja miaka. Hata hivyo asiyeandikisha madai yake hana la kungoja. Yafaa mkulima apeleke habari upesi kwa ofisi ya KWS iliyo karibu, asiondoe mabua yaliyovunjwa kabla ya kukaguliwa, na aweke nakala ya kila karatasi. Hapa ndipo karani aliyesoma awezapo kumsaidia jirani yake asiyejua kuandika, na msaada huo ni mkubwa kuliko maneno mengi ya barazani.

MFANO WA MWALUGANJE

Kaskazini ya hifadhi pana jambo lipasalo kutazamwa na kila msafiri wa Shimba. Ndovu walikuwa wakipita kati ya Shimba na msitu wa Mwaluganje, na mashamba yaliyokuwa katikati yaliharibiwa kila msimu. Katika miaka ya 1990 wenye ardhi waliamua kuunganisha mashamba yao yawe hifadhi ya ndovu iliyo mali yao wenyewe. Wageni hulipa kiingilio, na mapato hugawanywa kwa wenye ardhi. Hata kinyesi cha ndovu, ambacho ni nyuzi tupu za majani na magome, kilitengenezwa karatasi za kuuzwa.

Mapato hayo hayakuwa makubwa siku zote. Wageni wakipungua, fungu la mwenye ardhi hupungua nalo, na ukame huwaua hata ndovu wenyewe. Lakini jambo moja limeonekana: ndovu yule yule aliyekuwa adui wa shamba aweza kulipa karo ya shule, ikiwa mwenye shamba ana sehemu katika faida. Wahenga walisema, mgeni njoo mwenyeji apone. Mgeni akija na mwenyeji asipone, msemo huo umevunjwa, na haifai kumlaumu mwenyeji akiuchukia msitu.

Njia nyingine yatoka kaunti jirani. Huko Sagalla, katika Taita Taveta, wakulima wametundika mizinga ya nyuki kwa kamba kuzunguka mashamba. Ndovu akigusa kamba, mizinga hutikisika na nyuki hutoka. Na mnyama huyo mkubwa huwaogopa nyuki sana. Mkulima hubaki na mahindi, na asali juu yake. Warina asali wa Kwale hawana haja ya kufundishwa mzinga. Wanahitaji kamba na shauri la pamoja tu.

KWA NINI MWENYEJI AENDE

Msitu ambao watu wake hawaujui huwa rahisi kupotea. Siku mtu ajapo na shauri la kukata kipande chake, au la kugeuza maji yake, wataulizwa maoni wale wakaao karibu nao. Mtu aliyeshuka bondeni kwa miguu yake, akanywea macho maji yale, akaona chemchemi yalikotoka, atajua la kujibu. Asiyekwenda atajibu kama alivyoambiwa.

Basi kundi la watu wanane na lianze kuchanga sasa, kila mwezi kidogo, likimtia mweka hazina aliye mwaminifu. Liwachukue wazee wawili wajuao majina ya miti, maana vijana wengi wa leo wajua majina ya magari tu. Liwachukue pia watoto wa shule, hata wakiwa wawili. Siku ikifika waondoke mapema, wafike lango la Kwale kabla jua halijawa kali, wamsikilize askari, na wasiwe na haraka ya kurudi. Tena warudipo wasikose kupita Golini na Mwaluganje wazungumze na wenye mashamba, wasikie kwa masikio yao bei ambayo mkulima hulipa ili maji yale yaendelee kuanguka.